Usizifukie

Mbegu zilikuja ndani ya bahasha ya dawa
kutoka kwa dada yangu wa Bukavu.
Nilipozimwaga kiganjani nilidhani ni ugoro.
Kyakimwa, mwanangu, akapiga chafya:
robo ya bustani ikapotelea chini ya cherehani.

Jina lake alisi, dada ameandika,
ua dogo, jeupe, lanukia asali.
Na chini yake, kalamu ikiishiwa wino:
Usi…
Neno limekatika. Sikulifuatilia.

Nikapanda kama nijuavyo kupanda.
Mama alinifunza maharagwe:
shimo la kidole kizima, funika,
kanyaga taratibu, usirudi kuchungulia.
Makopo matatu ya maziwa ya unga
niliyafungua kwa ufunguo wa nyumba ya zamani
(kazi pekee iliyoubakia),
nikayajaza udongo wa kununua kwa gunia,
maana huku Buhene udongo ni bidhaa.
Cha bure ni jiwe,
jeusi, lenye matundu kama mkate ulioungua,
lililoshuka likiwa uji usiku ule wa mlima,
likala nyumba, likala choo,
likala hata vile vigingi vya saruji
vilivyosema hapa kwangu, pale kwa Bisimwa.

Wiki mbili. Wiki tatu.
Makopo kimya.

Nikampigia dada. Akacheka mpaka vocha ikaisha nusu.
"Umezifukia? Kwani nani kafa?
Hizo hazitaki kaburi, zataka mwanga.
Zimwage juu, juu kabisa,
uzigandamize kwa kiganja kama unayembembeleza mtoto,
na maji uyanyunyize, usiyamwage."

Siku ile sindano ilitembea bila mimi.
Suruali ya mwalimu ikatoka na mguu mmoja mfupi.

Jioni nikapiga magoti chini ya cherehani,
nikafagia kila kitu: vumbi, vipande vya uzi wa buluu,
kifungo, na zile mbegu za chafya.
Nikavimwaga vyote juu ya udongo.
Sikuchagua. Macho yangu ya usiku si ya kuchagulia mbegu.

Siku ya sita, katikati ya nyuzi za buluu,
nukta. Nukta ya kijani. Kisha nne.
Kyakimwa akakatazwa kupumua karibu.

Bisimwa akainama juu ya ua wa mbao.
"Zinaliwa?"
Hapana.
"Zinauzwa?"
Hapana.
"Basi zinafanya nini?"
Zinaota.
"Hata mimi huota," akasema,
akaenda kuivuta tena kamba yake ya mpaka,
ile anayoivuta kila Jumamosi
kutoka jiwe analolijua yeye
hadi jiwe nisilolikubali mimi.

Mwezi wa pili makopo yakafurika povu.
Harufu ikatangulia hadi barabarani,
ikapita juu ya moshi wa makala,
na mteja mmoja akauliza nani hapa anapika asali.
Zilipochoka, dada akasema zikate nusu.
Nikazikata kwa mkasi wa kitambaa
(dhambi hiyo, fundi yeyote atakwambia)
nazo zikachanua upya, kana kwamba nimezipunguzia gharama.

Sikuona zilipotoroka.
Labda upepo wa ziwani, labda ufagio wa Kyakimwa.
Niliona tu, mvua za Septemba zilipoanza,
weupe ndani ya ufa wa lile jiwe,
mahali ambapo gunia langu la udongo halikufika,
mahali hasa inapopita kamba ya Bisimwa.

Jumamosi nikasubiri kelele.
Hakukuwa na kelele.

Kamba imepinda.
Imelizunguka ua, ikaingia upande wake
kwa upana wa kiganja, kisha ikanyooka.
Yeye hajasema, nami sijauliza.
Ila alfajiri, kabla sijakanyaga cherehani,
nasikia kopo lililotobolewa kwa msumari
likitiririsha kidogo kidogo
maji anayoyanunua kama mimi,
franga mia mbili bidoni.